Amahl na wageni wa usiku: opera ya Noeli iliyotungwa kwa ajili ya televizyo



Opera ni teatre, lakini watu wake hawasemi, wanaimba. Wakigombana wanaimba, wakiomba chakula wanaimba, hata mutu akifa atakufa akiimba, na orkestra inawasindikiza toka mwanzo mupaka mwisho. Opera nyingi za Ulaya zinashika masaa 3 ao 4, na watu wanavaa koti na karawati kwa kwenda kuzisikiliza. Ndiyo maana wengine kati yenu wanasema: hayo ni mambo ya matajiri wa Ulaya, sisi yanatuhusu nini?

Basi tunataka kuwaeleza habari ya opera moja isiyofanana na zile. Haifikii saa moja nzima. Ndani yake kuna nyumba ya chumba kimoja, mutoto kilema, mama yake, wasafiri watatu na mutumishi wao, pamoja na majirani wa kijiji. Inaitwa Amahl na Wageni wa Usiku. Mutungaji wake ni Gian Carlo Menotti, mutu wa Italia aliyeishi Marekani. Aliandika muziki, akaandika na maneno yeye mwenyewe. Ilionyeshwa mara ya kwanza katika televizyo ya NBC, kule New York, usiku wa tarehe 24 Desemba 1951. Katika inchi ya Marekani ndiyo opera ya kwanza iliyotungwa makusudi kwa televizyo. Tangu siku ile imechezwa katika makanisa na masomo mengi, mara nyingi na piano tu.

Tuanze na hadisi yenyewe, sababu asiyeijua hadisi hatafahamu yale tunayotaka kusema.

Amahl ni mutoto wa miaka 12 hivi. Muguu wake mumoja ni kilema, hawezi kutembea bila mukongojo, ile fimbo ya kutegemea chini ya kwapa. Anakaa na mama yake, wawili tu. Zamani walikuwa na kondoo, na Amahl ndiye aliyewachunga, lakini mama amewauzisha wote. Sasa nyumba haina kuni, haina mafuta ya taa, na chakula kimekwisha. Kesho itawapasa kwenda kuombaomba njiani. Na juu ya hayo yote, mutoto ana tabia ya kutunga mambo. Kila siku anarudi na habari za ajabu ambazo mutu mwingine hakuziona, mupaka mama amechoka kumusikiliza. Usiku ule anamwambia mama kwamba inje kuna nyota kubwa yenye mukia, iko juu ya nyumba yao kabisa. Mama anajibu kama vile mama yeyote angejibu: acha uongo, uende kulala.

Kisha mutu anabisha mulango. Mama anatuma mutoto kutazama. Amahl anafungua kidogo, anafunga, anarudi: Mama, ni mufalme, amevaa taji. Mama anamukaripia, anamurudisha. Mutoto anarudi tena: Mama, ulisema kweli, si mufalme mumoja. Ni wawili! Mama anakasirika zaidi. Mara ya tatu mutoto anasema: si wawili, ni watatu, na mumoja wao ni mutu mweusi. Ndipo mama anapoamka mwenyewe na fimbo ya hasira tayari moyoni, anafungua mulango, na pale mbele yake wamesimama wafalme watatu. Watazamaji wanacheka sana kwa sehemu hii. Mutoto anayesifiwa kuwa mwongo alisema kweli mara tatu, na mara tatu hakusadikiwa.

Wageni hawa wanaitwa Kaspar, Melchior na Balthazar. Wamesafiri mbali, wamechoka, wanaomba mahali pa kupumzika. Mama anawaambia kwamba hana kitu ila baridi ya nyumba na majani makavu ya kulalia. Wanasema inatosha. Wanaingia, na mutumishi anaweka mizigo yao chini: zahabu, uvumba, manemane. Kaspar ni muzee asiyesikia vizuri. Lazima kurudilia kila neno mara mbili. Anachukua kasuku katika kitundu, na kisanduku chenye vijumba vitatu: kimoja cha mawe ya dawa, kimoja cha shanga, na cha tatu, anachokipenda kuliko vyote, kimejaa bonbon. Anampa Amahl bonbon.

(Tuseme neno hapa kwa ajili ya wanafunzi wa somo la Biblia, wasije wakatuandikia barua. Matayo 2 haisemi wafalme, inasema mamajusi. Tena haisemi walikuwa watatu. Inataja zawadi tatu tu. Majina yao pia hayamo katika Biblia, yalikuja nyuma kwa mapokeo. Menotti alifuata desturi ya kwao Italia, na ni haki ya mutungaji.)

Sasa tazameni namna wema unavyopita katika nyumba hii. Mama anatoka usiku, katika baridi, kutafuta kuni kwa ajili ya watu asiowajua. Anamutuma Amahl kuita majirani. Hao ni wachungaji, wa kondoo, si wa kanisa, na wao pia ni masikini. Wanakuja mumoja mumoja, wana haya, wanaogopa kuingia mbele ya wafalme. Lakini kila mutu ameleta kitu: matunda, jibini, njugu, kile kilichobaki kwake. Wanaweka chini, kisha wanacheza dansi kwa kufurahisha wageni. Wafalme wanashukuru. Halafu majirani wanaaga na kurudi kwao. Hakuna aliyeuliza wageni wametoka kabila gani, wala watalipa kiasi gani.

Mbele ya majirani kufika kuna wimbo mumoja ambao sisi tunauona kuwa moyo wa muziki wote. Wafalme wanamweleza mama habari ya Mutoto wanayemutafuta: sura yake, mikono yake, ufalme wake. Wanamuuliza: umemuona mutoto kama huyu? Mama anajibu ndiyo, ninajua mutoto kama huyu, ni masikini, ana njaa, na hakuna mutu atakayemupelekea uvumba ao zahabu. Wafalme wanasema juu ya Mutoto wao, mama anasema juu ya mutoto wake, nyimbo mbili zinakwenda pamoja na zinafanana. Wao hawafahamu kwamba anasema habari ya mutoto anayeishi katika nyumba ileile. Wageni na mwenyeji wako karibu kabisa, lakini bado hawajaonana.

Usiku unaingia, wote wamelala. Mutumishi amelala ameegemea mizigo. Mama peke yake hana usingizi. Anatazama ile zahabu. Anawaza watu matajiri, kama wanajua maana ya zahabu: kwao ni kitu cha kuchukua zawadi, lakini kwake ingekuwa moto katika nyumba, chakula katika sufuria, na dawa kwa muguu wa mutoto. Anajivuta polepole sakafuni. Anasema moyoni kwamba anafanya kwa ajili ya mutoto, na kwamba hawatajua. Anashika. Mutumishi anaamka na kupiga kelele: mwizi!

Wengine kati yetu, tulipozungumza juu ya hadisi hii, walisema sehemu hii haifai kwa Noeli. Mama aliyepokea wageni vizuri namna ile, kwa nini mutungaji amuharibu jina? Wazo letu ni lingine. Kama Menotti angeondoa wizi, tungebaki na hadisi ya watu wazuri wanaofanyiana mazuri, na mwanafunzi mwenye njaa asingeona kitu cha kujifunza ndani yake. Mutu anaweza kukupa nafasi yake ya kulala saa moja ya usiku, na saa sita akaweka mukono katika muzigo wako, na si watu wawili, ni mutu mumoja. Njaa haiangalii kama wewe ni mukristo mwema. Menotti alilaza zahabu na njaa katika chumba kimoja usiku muzima, akafunga mulango.

Na mutoto je? Amahl anasikia kelele, anaona mutumishi ameshika mama yake kwa mukono. Anamurukia, anamupiga. Kisha anageukia Kaspar analia: mama yangu hawezi kufanya vibaya, mimi ndimi ninayesema uongo, mimi ndimi ninayeiba. Fikirini. Mutoto huyu usiku wote alisema kweli na hakusadikiwa, na sasa anasema uongo kabisa, kwa ajili ya kumufunika mama. Hatujui sehemu ingine ya opera hii inayoumiza kupita hii.

Wafalme wana haki ya kumuazibu. Wana nguvu, wana mutumishi, wana ushuhuda. Lakini Melchior anamwambia mama abaki na ile zahabu. Mutoto tunayemutafuta, anasema, hana haja nayo. Ufalme wake utajengwa kwa upendo tu, na funguo za muji wake ni za masikini. Mama anasikia. Anarudisha zahabu yote chini. Mufalme kama huyo, anasema, nimemungojea maisha yangu yote, na kama nisingekuwa masikini ningemupelekea zawadi yangu mimi pia.

Ndipo Amahl anasema: Mama, niruhusu nimupelekee mukongojo wangu. Nani anajua, labda atauhitaji, na huu nilijitengenezea mwenyewe. Mama anakataa: huwezi kutembea bila huo! Lakini mutoto amekwisha kuunyoosha mbele kwa mikono miwili, anapiga hatua moja, ya pili. Chumba kizima kimenyamaza. Anatembea.

Tungependa muangalie mupango wa mambo. Muguu haukupona kwanza ndipo mutoto akashukuru. Alitoa kitu kimoja alichokuwa nacho, kwa mutoto asiyemujua, akiwa bado kilema. Wafalme wanamugusa mumoja mumoja kwa heshima. Mutumishi naye anaomba kumugusa, na Amahl anasitasita, sababu bado hajasahau ule mukono uliomushika mama. Mama anamwita kwa jina tu, sawa vile mama wanajua kufanya, na Amahl anakubali, lakini mara moja tu! Asubuhi anakwenda pamoja na wafalme kupeleka mukongojo yeye mwenyewe, anapuliza filimbi yake njiani, na mama anabaki mulangoni akiwatazama. Ile filimbi katika orkestra ni chombo kinachoitwa obua. Ndicho kilichoanza opera, ndicho kinaimaliza.

Neno lingine dogo: katika opera nzima mama hana jina. Katika kitabu cha muziki ameandikwa tu mama yake Amahl. Wasomaji wa Ulaya wanaweza kuona ni ajabu. Kwetu hapa si ajabu hata kidogo; tungemwita Mama Amahl, na angeitika.

Sasa ni nani huyu aliyetunga haya? Menotti alizaliwa tarehe 7 Julai 1911 huko Cadegliano, Italia ya kaskazini, karibu na mupaka wa Uswisi. Mwaka 1928 alipelekwa Marekani kujifunza muziki katika chuo cha Curtis, muji wa Philadelphia, kijana asiyejua Kiingereza vizuri. Alibaki huko miaka mingi, akaandika opera zake nyingi kwa Kiingereza, lakini hakuacha uraia wa Italia. Tunaweza kusema alikuwa mugeni wa kudumu.

Miezi ishirini na kitu mbele ya Amahl, katika Marchi 1950, alionyesha opera ingine iitwayo Konsuli, nayo ikapata zawadi kubwa ya Pulitzer mwaka uleule. Tunaitaja makusudi. Ndani ya Konsuli kuna mama anayeitwa Magda. Mume wake amekimbia polisi ya siri, na yeye anakwenda kila siku katika ofisi ya konsuli wa inchi ya kigeni kuomba karatasi za kuondoka. Kila siku sekretere anamupa fomu ingine ya kujaza. Wengine wanangoja naye katika kile chumba, siku kwa siku, jina lao ni namba na hali yao ni dosie. Konsuli haonekani kamwe. Mutoto wa Magda anakufa, mama mukwe anakufa, mume anashikwa, na mwisho Magda anajiua kwa gazi ya jiko. Hapa kwetu si lazima kueleza sana maana ya kungoja karatasi mbele ya dirisha la ofisi. Kila familia inajua.

Wekeni opera hizi mbili pamoja, mutaona kwamba ni mutu mumoja aliyekuwa akiwaza juu ya mulango. Katika Konsuli, anayebisha ni polisi, na mwenye kuhitaji musaada ndiye anayekuta mulango umefungwa. Katika Amahl, wanaobisha ni wageni, na yule asiye na kitu ndiye anayefungua. Watu wengi wanasema Amahl ni kitu cha watoto, kitamu sawa bonbon za Kaspar. Hatukubali. Aliyeitunga alikuwa ametoka sasa hivi kuonyesha namna wageni wanavyouawa kwa karatasi.

Na namna ilivyotungwa ni hadisi nyingine. NBC, kwa njia ya mukubwa wa muziki wao Samuel Chotzinoff, walikuwa wamemuomba opera ya televizyo. Siku zikapita. Novemba 1951 ikafika, Noeli iko karibu, na Menotti hana hata wazo moja. Yeye mwenyewe alieleza kwamba alasiri moja alikuwa akitembea katika nyumba kubwa ya makumbusho ya Metropolitan, New York, roho yake nzito, akasimama mbele ya picha ya Hieronymus Bosch, mupiga picha wa zamani wa Uholanzi, inayoonyesha mamajusi wakimusujudia Mutoto. Pale akakumbuka utoto wake. Kwao Italia, Baba Noeli hakujulikana. Walioleta zawadi kwa watoto walikuwa wale wafalme watatu. Yeye na ndugu yake walijaribu kila mwaka kukesha ili wawaone, na kila mwaka usingizi uliwashinda. Lakini alikuwa na hakika kwamba aliwasikia: wimbo wa mbali gizani, na nyayo za ngamia juu ya barafu. Menotti alimupenda Melchior, kwa sababu ya ndevu ndefu nyeupe. Ndugu yake alimupenda Kaspar, akishikilia kwamba ni kiziwi. Menotti alizani sababu ni kwamba Kaspar hakuleta kamwe zawadi zote alizoombwa.

Na muguu? Ule pia ulikuwa wake. Alipokuwa mutoto alikuwa na muguu mugonjwa, akapelekwa mahali pa maombi ya Wakatoliki, Sacro Monte karibu na muji wa Varese, akabarikiwa, na nyuma yake akapona. Sisi Waprotestanti tuna mafundisho yetu juu ya mahali namna ile. Hatutaki kubishana katika gazeti hili. Tunasema tu kwamba mutu aliyeandika habari ya mutoto kilema hakuitafuta katika kitabu.

Kutoka siku ile mupaka usiku wa Noeli zilibaki wiki chache. Aliandika mbio, na rafiki yake Samuel Barber, mutungaji mwenye sifa, akamusaidia kugawanya muziki kwa vyombo vya orkestra. Waimbaji walipokea kurasa za mwisho siku chache tu mbele ya kuonyesha. Amahl alikuwa Chet Allen, mutoto wa miaka 12 kutoka korale ya watoto wanaume, na mama alikuwa Rosemary Kuhlmann. Muziki uliongozwa na Thomas Schippers, ambaye mwenyewe alikuwa kijana wa miaka 21. Wale wa klasi ya sita wanaosema hawawezi kuongoza korale kwa sababu ya umri, wasikie.

Lazima mufahamu vilevile televizyo ya wakati ule ilikuwaje. Picha ilikuwa nyeusi na nyeupe. Mashini ya kushika picha na sauti kwa ukanda ilikuwa bado haijafika sokoni. Ilitokea mwaka 1956. Kwa hiyo kila kitu kilikwenda palepale: mwimbaji anaimba katika studio 8H ya NBC, na saa ileile watu wanamuona nyumbani. Akikosea, amekosea mbele ya inchi nzima. Kuweka ukumbusho, walisimamisha kamera ya sinema mbele ya kioo cha televizyo, wakapiga filme ya kile kilichoonekana. Mwaka 1953 ilionyeshwa kwa rangi, na kwa miaka mingi ilirudi kila Noeli.

Tunazani chombo hiki kilifaa hadisi kuliko jukwaa kubwa. Katika nyumba kubwa ya opera, mutazamaji yuko mbali na mwimbaji, anaona mikono ikirushwa juu. Kamera inaweza kukaribia mupaka uso tu ujaze kioo. Mama anapotazama zahabu, hahitaji kurusha mikono. Tunaona macho yake. Tena familia iliyotazama ilikuwa ndani ya nyumba yao, usiku wa Noeli, mulango umefungwa, na tazama, mutu anabisha.

Inabaki habari ya mufalme mweusi, na hatutaki kuipita. Amahl anaposema mumoja wao ni mweusi, ni ajabu ya mutoto asiyejaona, si tusi. Tena ni huyo Balthazar ambaye mutoto anamuuliza kama ana damu ya kifalme, na kama anaweza kuiona. Balthazar anamujibu kwamba ni sawa na damu yake. Basi ina faida gani? anauliza mutoto. Mufalme anakubali: haina faida. Maneno mazuri. Lakini mwaka 1951, aliyeimba Balthazar alikuwa Leon Lishner, Mzungu, na uso wake ulipakwa rangi. Waimbaji weusi wakubwa walikuwako Marekani, lakini milango ilikuwa haijafunguliwa: katika Metropolitan Opera ya New York, mwimbaji mweusi wa kwanza kupewa nafasi ya kuimba mutu katika opera alikuwa Marian Anderson, tarehe 7 Januari 1955, akiwa na umri wa miaka 57. Opera ilifundisha kufungulia wageni mulango, na nyumba za opera zenyewe zilikuwa na wageni waliongojea inje. Katika filme mupya ya Amahl ya mwaka 1978, ambayo Teresa Stratas aliimba mama, Balthazar aliimbwa na Willard White, aliyezaliwa Jamaika. Safari hii rangi haikupakwa.

Menotti mwenyewe alilinda kazi yake kwa wivu. Mwaka 1963 NBC walitengeneza filme ingine yeye akiwa mbali, hakuipenda, na haki zilipomalizika mwaka 1966 alikataa isionyeshwe tena. Alikufa tarehe 1 Februari 2007, akiwa na miaka 95.

Wengine wametuuliza kama masomo yetu yanaweza kuicheza. Nje ya televizyo, jukwaa lake la kwanza lilikuwa chuo kikuu cha Indiana, Februari 1952, ni kusema wanafunzi waliichukua mbele ya wengine. Sheria inataka ruhusa ya wenye haki za muziki, na hilo litakuwa kazi ya Bwana Prefe. Orkestra si lazima, piano inatosha. Korale yetu ya sauti nne inaweza kujifunza wimbo wa wachungaji. Kwa wafalme tunahitaji tenore mumoja, baritono mumoja na besi mumoja, na besi hatukosi. Ugumu ni Amahl. Menotti aliandika kwamba nafasi hii iimbwe siku zote na mutoto mwanaume, si mwanamuke aliyevaa sawa mutoto. Ni kusema tunatafuta kijana wa klasi za chini ambaye sauti yake haijavunjika, na lazima kumupata upesi, kwa sababu sauti namna ile haingoji. Chet Allen mwenyewe, mwaka uliofuata, nafasi yake ilichukuliwa na mwingine.

Na mukongojo usiazimwe kwa dispensari. Kijana atakayechaguliwa auchonge yeye mwenyewe, kwa muti, mbele ya mazoezi ya kwanza.